Mti Wako wa Ajabu Unatoa Matone Mangapi kwa Mwaka?

Miti ya ajabu katika hadithi nyingi za kubuni ina ugonjwa mmoja: haina hesabu. Ni mikubwa, inang'aa usiku, inazungumza na wazee, na matunda yake yanaponya kila maradhi. Muulize mwandishi mti huo unazaa matunda mangapi kwa msimu, nani hupanda kuyachuma, na tunda likishachumwa linakaa siku ngapi kabla ya kuoza, atakutolea macho. Hapo ndipo dunia yake inapoanza kuvuja. Matunda ya kuponya yakiwa matano kwa mwaka, yanaleta ufalme, walinzi, foleni na rushwa. Yakiwa elfu hamsini, yanaleta soko la kawaida na waganga wasio na kazi. Mti ni uleule, lakini hadithi ni mbili na hazifanani hata kidogo.

Kwa hiyo hesabu hutangulia, nguvu za mti zinafuata. Hapa nitajenga mti mmoja tangu mzizi hadi soko, na kila nitakapoweza nitauegemeza kwenye miti ya kweli, kwa sababu miti ya kweli ina ajabu kuliko mingi tunayobuni.

Mti wenyewe nauita msikizi. Utomvu wake ukikutana na hewa huganda, na wakati unaganda hunasa sauti za watu walio karibu, umbali wa hatua 3 hivi. Tone lililoganda likiwekwa juu ya kaa la moto hutoa sauti zilezile, mara moja tu, kisha hubaki jivu. Basi, hakuna nguvu nyingine. Usiupe kuponya, usiupe kutabiri. Kila nguvu ya pili unayoongeza inawapunguzia wahusika ulazima wa kuhangaika na ile ya kwanza.

Sasa vipimo. Tone la gramu 1, kiasi cha ncha ya kidole cha mwisho, huganda kwa dakika 10 na huungua kwa dakika 10. Muda wa kunasa na muda wa kutoa lazima ulingane. Hapa wengi huteleza: tone linaganda usiku kucha, halafu likichomwa linatoa sentensi moja tu, tena ile hasa ambayo shujaa aliihitaji. Msomaji atauliza saa nyingine zote zilikwenda wapi, na atakuwa na haki.

Mpangilio wa maneno ndani ya tone nao unafuata maumbile. Ngozi ya nje ndiyo inayokutana na hewa kwanza, basi ndiyo inayobeba maneno ya mwanzo. Kiini huganda mwisho na hubeba maneno ya mwisho. Moto nao huanza nje ukielekea ndani, kwa hiyo maneno hutoka kwa utaratibu yalivyosemwa. Kutokana na sheria hiyo ndogo unapata ulaghai wa bure: mwenye kutaka kuficha mwanzo wa mazungumzo hukwangua ngozi ya tone kwa kisu. Ili kumzuia, uzito wa kila tone huandikwa siku lilipoganda, na hakimu hulipima kwenye mizani kabla ya kuliweka motoni. Tone lililoandikwa gramu 1 likapimwa robo tatu limekwanguliwa, hakuna haja ya shahidi.

Kwa kuwa tone huchomwa mara moja, ushahidi husikilizwa mara moja. Pande zote zinazogombana lazima ziwepo, la sivyo aliyekosekana atadai wenzake wamemsingizia. Kunakili kunawezekana, lakini kwa shida: mtu husikiliza, kisha hurudia maneno mbele ya tone jipya, na nakala hiyo ina sauti yake, siyo ya mwenye maneno. Hapo tayari kuna kazi ya watu wenye kumbukumbu kali wanaolipwa kurudia bila kuongeza neno, na kuna sababu ya kuwahonga.

Sheria ya mwisho, na ndiyo ninayoipenda zaidi. Tone bichi likizamishwa kwenye mafuta mara tu linapotoka kwenye gome haliwezi kuganda, kwa muda wa siku 4. Ukilitoa na kulifuta, linaanza kusikiliza palepale ulipo. Baada ya siku ya 4 huchacha, huwa jeusi, na likichomwa hutoa mvumo tu. Mtu anayetembea kwa miguu na mzigo mwepesi huenda kilometa 30 kwa siku, kwa hiyo matone mabichi hufika kilometa 120 kutoka kwenye msitu wa misikizi. Chora duara hilo kwenye ramani yako. Ndani ya duara kuna mikataba ya sauti, mahakama za kaa la moto na majasusi wenye vichupa vya mafuta mikandani. Nje ya duara hufika matone makavu tu, yaliyokwisha kusikia, na watu wa huko bado wanaandika kwa wino na kushuku kila kitu kinachonong'ona. Mpaka wa kisiasa umejichora wenyewe. Akitokea mfalme atakayeweka farasi wa kupokezana njiani, duara litapanuka, na hiyo peke yake inatosha kuwa chanzo cha vita.

Kugema, na kwa nini mti hufa

Msikizi unagemwa kama miti mingine ya utomvu, na hapa huna haja ya kubuni sana. Wagema wa mpira hukata gome kwa mshazari, kila mkato ukiondoa unyuzi wa gome wa milimita 1 hadi 1.5 tu, tena alfajiri, kwa kuwa shinikizo la maji ndani ya mti liko juu kabla jua halijapanda na utomvu hutiririka vizuri. Kisu hakitakiwi kufika kwenye ule utando mwembamba wenye uhai ulio kati ya gome na mbao. Ukiufikia, gome jipya linalokua hapo huwa na vinundu, na sehemu hiyo haigemeki vizuri tena. Mpe mgema wako kisu kilichopinda ncha, jiwe la kunolea na mkono mwepesi, na utakuwa umemtofautisha mzoefu na mwanafunzi bila kueleza chochote: tazama tu makovu ya mti.

Hesabu ya msitu wangu iko hivi. Mti mmoja uliokomaa, wenye shina la mzunguko wa mita 3, unabeba vidonda 6. Kila kidonda hutoa matone 2 kwa mkato. Kugema hufanyika kila baada ya siku 14 katika miezi 5 ya kiangazi, maana wakati wa mvua maji huyeyusha tone kabla halijashika, na ngurumo huingia humo pamoja na maneno. Hiyo ni mikato 10. Mara 6, mara 2: matone 120 kwa mti kwa mwaka. Msitu una miti 50, lakini nusu hupumzishwa kila mwaka, kwa hiyo inayogemwa ni 25. Jumla ni matone 3,000.

Mji una watu 20,000. Chukulia mtu 1 kati ya 10 anafanya mkataba mmoja mkubwa kwa mwaka, iwe ndoa, deni au shamba, na kila mkataba unahitaji matone mawili ili kila upande ubaki na lake. Mahitaji ni matone 4,000. Pungufu ni 1,000, na bado mtawala hajachukua fungu lake. Nani anakosa? Ukijibu swali hilo umepata matabaka ya mji, soko la magendo na sura zako tatu za kwanza. Ukiona pengo limekuwa kubwa mno kiasi kwamba mti hauna maana kwa mtu wa kawaida, badilisha idadi ya miti, usibadilishe tone. Tone likibadilishwa katikati ya hadithi msomaji anagundua. Miti kumi zaidi upande wa pili wa kilima haimsumbui mtu.

Kwa nini nusu ipumzike? Kwa sababu ndivyo ilivyo kwa miti ya ubani. Ikigemwa mno bila kupumzishwa, mti hutumia chakula chake kutengeneza utomvu badala ya kutengeneza mbegu, na mbegu chache zinazopatikana huwa dhaifu, hazioti vizuri. Mti wenyewe unaonekana mzima. Msitu hufa kwa kukosa watoto, na dalili huonekana baada ya miaka mingi, wakati aliyetoa amri ya kugema bila mapumziko amekwisha kufa na kujengewa sanamu. Kosa la aina hii ni zuri kuliko laana yoyote, kwa kuwa halihitaji mwovu; linahitaji mji wenye haraka.

Kuna kosa jingine la polepole. Mvule ni miongoni mwa miti yenye dume na jike katika mashina tofauti. Ufanye msikizi hivyo, utomvu ukitoka kwa jike tu. Mji wenye njaa ya kuni utakata madume "yasiyo na faida", na kwa miaka kadhaa hakuna atakayeona tofauti. Msikizi huanza kugemwa ukiwa na miaka 40. Yaani kizazi kizima kitakua hakijawahi kushuhudia mche mpya.

Kuua msikizi kwa makusudi hakuhitaji shoka. Chakula kinachotengenezwa majanini hushuka mizizini kupitia gome la ndani. Ondoa gome kuuzunguka mti wote, ukanda wa upana wa kiganja, na mizizi inaanza kufa njaa. Maji bado yanapanda kupitia mbao, hivyo majani yanaweza kubaki kijani msimu mzima au zaidi. Mhujumu akifunika ukanda huo kwa matope na kuvu ya porini, ana muda wa kutosha kuvuka mpaka na kusahaulika. Kinyume chake, mti wenye uwazi mkubwa ndani ya shina unaweza kuishi miaka mingi tu, maana moyo wa mbao umekwisha kufa hata kwenye mti mzima. Nimechoka kusoma juu ya miti mitakatifu inayokufa kwa mshale mmoja uliochomwa katikati ya shina. Mshale huo umepiga mahali ambapo mti hauna cha kupoteza.

Ughushi nao usisahaulike. Mgema akisifiwa tembo hulitia maji, na mgema wa msikizi huongeza gundi ya mti wa kawaida. Tone linatosha uzito, lakini likichomwa linatoa maneno yenye mashimo. Njia rahisi ya kulikagua ni maji ya chumvi: fanya utomvu halisi uelee na gundi izame, au kinyume chake, mradi uchague moja na kulishikilia.

Ukitaka mti mrefu

Msikizi wangu una urefu wa mita 25 tu, na unatosha. Lakini najua wengi wanataka mti unaotoboa mawingu, basi tuseme ukweli wake. Mti mrefu kuliko yote inayojulikana kuwa hai ni Hyperion, wa jamii ya redwood ya pwani ya California, wenye karibu mita 116. Watafiti waliochapisha kazi yao mwaka 2004 walikadiria kwamba miti hiyo haiwezi kupita mita 122 hadi 130. Tatizo ni maji. Yanavutwa kutoka juu, uzi mmoja usiokatika tangu mzizini hadi jani la kileleni, na kadiri mti unavyorefuka ndivyo uzi huo unavyokazwa hadi unakaribia kukatika. Majani ya juu kabisa hubaki madogo na makavu kama ya mti wa jangwani, ingawa mguu wake uko kwenye udongo wenye unyevu.

Unaweza kuvunja kikomo hicho, lakini lipia. Redwood hunyonya sehemu ya maji yake kwa majani, kutoka kwenye ukungu. Dragoni wa Socotra, ule mti wa Yemen wenye utomvu mwekundu na umbo la mwavuli, nao hukinga ukungu kwa matawi yake. Basi mti wako wa kilometa 1 usiote katikati ya tambarare kavu. Uweke kwenye mteremko wa mlima unaotazama bahari, mahali pa ukungu wa kila siku, na ukungu ukikosekana mwaka mmoja sehemu ya juu ikauke na ianze kuangusha matawi yenye uzito wa nyumba. Fikiria pia kivuli. Jua likiwa nyuzi 10 tu juu ya upeo wa macho, mti wa kilometa 1 hutupa kivuli cha karibu kilometa 5.7. Walio magharibi yake hukosa jua la asubuhi, walio mashariki hukosa la jioni. Mashamba ya upande mmoja yatakuwa na umande mrefu na ukungu wa mazao. Wenyeji watapanda viazi vya kivulini na kuwachukia wenzao wa upande wa pili.

Kama unataka ukubwa tu, kuna njia nyingine ambayo haitumiki vya kutosha. Pando, huko Utah, Marekani, ni mti mmoja wenye mashina karibu 47,000 yaliyotoka kwenye mizizi ya pamoja, na umetanda hekta 43 hivi. Mtu anaweza kutembea ndani yake asubuhi nzima akidhani yuko msituni. Msitu ambao kwa kweli ni kiumbe kimoja una vitisho vyake: ugonjwa wa shina moja ni ugonjwa wa ukoo mzima, na jeshi linalokata mashina elfu halijaua kitu.

Anayeula

Mti maarufu kuliko yote ya ulimwengu wa visa vya kale, Yggdrasil wa watu wa Skandinavia, unaliwa kila upande. Nyoka Níðhöggr anautafuna mzizi, paa wanne wanakula majani yake, na kindi anapanda na kushuka akipeleka matusi kati ya nyoka na tai aliye kileleni. Waliobuni kisa hicho walijua miti. Mti usioliwa na chochote ni nguzo.

Kwa hiyo upe msikizi walaji. Adui mkubwa wa miche si moto wala wachawi, ni wanyama wenye midomo. Huko Socotra mbuzi hula miche ya dragoni hadi ikabaki misitu ya wazee watupu. Pando inadhoofika kwa sababu paa hula machipukizi. Kwenye msikizi nimeweka mbuzi, na mchungaji aliyekatazwa kulisha karibu na msitu ana malalamiko ya haki kabisa, jambo linalofanya ugomvi wake na walinzi uwe na uzito.

Kisha nyuki. Nyuki wa kweli hukusanya utomvu wa miti na kuutumia kuzibia nyufa za mzinga. Wakikusanya wa msikizi, kila mzinga ulio karibu na msitu umejaa vipande vya mazungumzo: nusu ya kiapo, kicheko, jina. Mrina asali anapofukiza moshi kwa uzembe, mzinga unasema. Hiki ni kipengele kidogo, lakini kinafungua mlango ambao mtawala hakuufikiria. Matone ameyahesabu yote 3,000, mizinga hajaihesabu.

Kuhusu walinzi, usiwaweke kwa ajili ya wezi peke yao. Mizizi midogo inayofyonza maji, kwa miti mingi, iko karibu na uso wa ardhi, na miguu ya watu wengi hukandamiza udongo hadi hewa na maji havipiti. Mwaka 2022 mamlaka ya hifadhi alimo Hyperion ilipiga marufuku watu kuufikia, kwa sababu wageni walikuwa wamekanyaga mimea yote kuuzunguka. Misonobari ya Wollemi, iliyogunduliwa Australia mwaka 1994, mahali pake panafichwa, moja ya sababu ikiwa vimelea vya mizizi vinavyoletwa na tope la viatu. Sifa huua mti kwa miguu. Ndiyo maana kwenye dunia ya msikizi hakuna anayeapa chini ya mti. Tone huchukuliwa likiwa kwenye mafuta hadi nyumba ya viapo, hatua 200 kutoka msituni, na mgema pekee ndiye anayeingia, miguu mitupu, baada ya kunawa kwa maji ya majivu. Desturi hiyo ikishakaa vizazi vitatu watu wataiita ibada na kusahau tope. Waache wasahau, kuhani asiyejua sababu ya sheria anayoisimamia ni mhusika mzuri.

Miti iliyokufa nayo ina soko. Katika karne ya 19, kwenye pwani inayotazamana na Zanzibar, watu walichimba sandarusi, yaani utomvu mkavu wa kale, iliyolala ardhini mahali ambapo miti iliyoitoa haikuwepo tena, ikauzwa ng'ambo kwa kutengenezea vanishi. Msikizi ulioanguka miaka 500 iliyopita umeacha matone yake udongoni. Amua mapema kama yanasikika. Yakisikika, jiulize yanasema lugha gani, maana lugha ya miaka 500 nyuma wajukuu hawaielewi vizuri, na mfasiri wa lugha mfu atakuwa mtu ghali. Mimi nimeamua yasikike kwa robo tu, sehemu ya kiini, kwa kuwa ngozi imeliwa na udongo. Wachimbaji hupata miisho ya mazungumzo bila mianzo yake.

Mwisho, daftari. Fungua ukurasa wenye safu tano: namba ya tone, uzito wake, lilisikia nini, liko kwa nani, limechomwa sura ya ngapi. Ukimaliza kila sura, jaza kabla hujalala. Kosa linalojitokeza zaidi ni tone la ushahidi lililochomwa sura ya 7 kurudi mzima sura ya 20, na la pili ni mjumbe aliyebeba tone bichi kwa siku 6 na likasikiliza vizuri. Ukikuta la kwanza, mpe mtu nakala ya sauti yake mwenyewe na umfanye asiaminike. Ukikuta la pili, mpe farasi.